Mikataba ya filamu isomwe kabla hatujapanda basi la Dar

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi niongee na vijana wa Moshi na Arusha wanaotengeneza filamu kwa fedha zao wenyewe, kama mimi.

Filamu yangu ya kwanza niliishuti Uru kwa siku tisa. Nilitaka mlima uonekane nyuma ya migomba, na mlima wetu ukichelewa kidogo tu umeshajifunika mawingu. Basi saa kumi na moja alfajiri tuko lokesheni: kamera ya kukodi, maiki imefungwa kwenye mpini wa fagio, sufuria la mtori limefunikwa kwa jani la mgomba. Fedha ilitoka kwa ng'ombe wawili wa mama na mkopo wa kikoba. Waigizaji niliwapa nauli na chakula, nikawaahidi ikiuzwa tutagawana.

Ikauzwa. Msambazaji mmoja wa Dar es Salaam alinilipa kwa mkupuo, fedha ambayo haikumaliza hata mkopo, nikasaini karatasi nikiwa nimesimama kaunta. Nilikuja kuisoma vizuri ndani ya basi la kurudi, tumeshapita Mombo. Nilikuwa nimemkabidhi "haki zote". Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 inailinda filamu kwa miaka 50. Yote niliiacha pale kaunta.

Miezi michache baadaye bibi aliyeigiza mama mkwe alinipigia simu. Yuko kwenye basi la Arusha, amejiona kwenye runinga, abiria wanamgeukia. "Mwanangu, kumbe tumetoka! Changu nakuja kuchukua lini?" Nilimtumia shilingi elfu ishirini. Akanishukuru sana, na shukrani ile inaniuma mpaka leo.

Tukienda kuomba kibali tunaulizwa skripti, hatuulizwi tutauzaje. Nawaomba maofisa utamaduni wa Moshi na Arusha watutafutie mwanasheria, hata siku moja kwa mwezi, atusomee mikataba kabla ya kusaini. Nawe kijana, ukiletewa karatasi uliza: ni ya miaka mingapi, ni runinga tu au na intaneti, na masta, yaani nakala mama ya filamu, inabaki kwa nani? Asipojibu, rudi na filamu yako nyumbani.

Ya pili naanza kuishuti mwezi ujao, na bibi yumo. Asilimia yake tumeshaiandika na kuisaini wote wawili, yeye kwa dole gumba.

Prodyuza wa filamu,
Pasua, Moshi