Wale wa nguo nyeupe

Mwanangu kipenzi,

Ile picha ya zamani ya wafagiaji wa New York uliyonitumia nimeikuza kwenye simu mpaka nikaona mafagio yao. Unauliza mbona watu wa kuzoa samadi wamevishwa nyeupe pe. Mwanangu, mama yako kafagia barabara miaka kumi na moja. Swali hilo limenigusa.

Zama hizo usafiri wa mji ule ulitegemea farasi zaidi ya 100,000, na kila mmoja aliacha samadi kilo 10 hivi kwa siku. Mvua ikinyesha, tope. Jua likiwaka, vumbi la kinyesi mpaka kwenye chakula. Farasi akifa, mzoga hulala barabarani. Mwaka 1895 kazi ya usafi akapewa Kanali George Waring, mhandisi wa mifereji. Yeye ndiye aliyewavisha nyeupe kuanzia kofia, wakaitwa Mabawa Meupe. Nyeupe ni vazi la watu wa afya, naye alitaka waheshimiwe hivyo. Tena aliyevaa nyeupe haendi kujificha kilabuni saa za kazi! Nalijua hilo kwa kizibao changu cha kung'aa: kinamfanya dereva anione asinigonge, na nyapara anione nikikaa kivulini.

Mwaka 1896 Waring aliwapanga wakaandamana mjini kama askari, watu wakawashangilia. Nilifurahi kusoma hayo, nisikufiche.

Lakini kilichonikaa moyoni ni Novemba 1911. Waring alishafariki mwaka 1898, kwa homa ya manjano aliyoipata Havana. Jiji likawa limeamuru taka zizolewe usiku. Usiku wa huko, baridi inakata mifupa, na mapipa ya majivu ya makaa mazito kama mawe! Wazoa taka wa idara ile ile ya usafi wakagoma, wakitaka warudishiwe mchana wao. Meya William Gaynor akakataa. Wakaletwa watu wengine kushika kazi zao, polisi wakiwalinda, na mgomo ukavunjika. Miaka kumi na mitano tu tangu zile shangwe. Nami najua kazi ya gizani ilivyo: gari linapita, na aliyemo ndani hajui kama upo.

Ukipata picha ya hao wa 1911, nitumie. Nataka kuziona nyuso zao pia.

Mama yako