Wakala wa waandishi asitoze ada ya kusoma mswada

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi niseme na wahariri wa majarida wanaotaka kugeuka mawakala wa waandishi, yaani wanaowatafutia wachapishaji na kuwasimamia mikataba, pamoja na vijana wa hapa Dodoma watakaowapelekea miswada.

Wakala halipwi kwa kusoma. Hulipwa kitabu kikipata mchapishaji: kwa kawaida asilimia 15 ya fungu la mwandishi, na 20 haki za tafsiri zikiuzwa nje ya nchi. Anayedai ada ya kusoma hana haja ya kuhangaika kutafuta mchapishaji; keshakula.

Ugumu uko kwenye hesabu. Tuchukulie kitabu cha shilingi 10,000, nakala 1,000, mrabaha (fungu la mwandishi kwa kila nakala inayouzwa) asilimia 10. Mkataba ukitaja bei ya jalada, nakala zote zikiisha mwandishi anapata 1,000,000 na wakala 150,000. Ukitaja "mapato halisi" ya mchapishaji, yaani kinachomfikia baada ya maduka kukata punguzo lao, na maduka yamepewa punguzo la asilimia 40, mwandishi anashuka hadi 600,000 na wakala 90,000. Maneno mawili yamemeza laki nne za mwandishi! Tena mrabaha hulipwa mara moja au mbili kwa mwaka, nao hufuata mauzo. Anayeacha mshahara wa jarida akiwa na waandishi watatu tu mkononi ajiandae kufunga mkanda.

Ujuzi wa jarida unafaa sana kwenye hadithi za mfululizo. Haki ya kutoa riwaya sura kwa sura gazetini huuzwa peke yake, kabla au baada ya kitabu kutoka, lakini mwandishi mgeni huisaini ndani ya "haki zote" bila kujua. Tafsiri, kitabu cha kusikiliza na filamu nazo zitajwe moja moja: lugha gani, nchi zipi, miaka mingapi. Na kifungu cha haki kurudi kwa mwandishi kiwe na namba, mathalani mauzo yakiwa chini ya nakala 50 kwa miezi 12. Kikisema tu "kitabu kikiisha sokoni", nakala ya kielektroniki iliyobaki mtandaoni itatosha kumzuia mwandishi asirudishiwe haki zake miaka na miaka.

Kinachowaponza wahariri ni kalamu. Jaridani makala ya maneno 800 ilimfika mhariri jioni, akaipunguza na kuishona upya usiku ule ule ili iwahi mtamboni. Riwaya akiifanyia hivyo inageuka sauti yake, na mchapishaji akiomba mabadiliko mwandishi hajui aanzie wapi. Aandike maoni kurasa mbili au tatu, amrudishie mwandishi mwenyewe arekebishe.

Jambo la mwisho: mara nyingi mchapishaji humlipa wakala kwanza, naye hukata kamisheni ndipo apeleke salio. Fedha hizo zikae kwenye akaunti ya pekee, isiyochanganywa na ya kulipia pango la ofisi, na mwandishi apewe nakala ya taarifa ya mauzo kama ilivyotoka kwa mchapishaji.

Msomaji wenu,
Dodoma