Taarifa ya Mwaka ya Mwenyekiti kwa Wanachama wa Skimu Yetu ya Umwagiliaji, Mbarali

Ndugu wanachama,

Kamati ilikutana mara nne, mfereji mkuu ulisafishwa mara mbili, mbolea ya ruzuku ilifika na lango moja la banio, pale maji ya mto yanapoingizwa mferejini, lilibadilishwa. Hayo mnayajua, sitayarefusha.

Ninalopaswa kulieleza ni uamuzi wa kufunga banio kuanzia Julai, ambao umenipatia majina nisiyoweza kuyaandika humu. Sina ugomvi na kilimo cha mavuno makubwa. Mimi ndiye niliyetangulia kupanda SARO 5, mbegu ya mpunga yenye mavuno mengi, katika majaruba ya juu, na hakuna ubishi kwamba mbegu hiyo pamoja na urea ndivyo vilivyosomesha watoto wetu na kuezeka nyumba zetu bati. Lakini mavuno hayo hayo yametutia tamaa ya kupanda tena kiangazi, wakati mto hauna maji ya kugawana. Maji yasipofika Ihefu, ardhioevu iliyo chini yetu, hayawezi kutoka Ng'iriama, mlango wake wa kuelekea Ruaha Mkuu, na ndiyo maana Ruaha Mkuu, uliokuwa ukitiririka mwaka mzima, umekuwa ukikauka wakati wa kiangazi ndani ya Hifadhi ya Taifa ya Ruaha tangu miaka ya 1990, ilhali ni mto huo unaolisha mabwawa ya umeme ya Mtera na Kidatu. Tulizoea kuwasingizia ng'ombe. Wafugaji wakaondolewa katika bonde letu la Usangu mwaka 2006 na 2007, na mto ukaendelea kukauka. Maji machache yanayorudi mtoni kutoka kwetu nayo hubeba mbolea na viuatilifu, na walio chini yetu wanayanywa.

Maneno kwamba jaruba langu lilipata maji usiku, banio likiwa limefungwa, si ya kweli. Unyevu ulioonekana ni wa bustani ya mchicha ya mke wangu, iliyomwagiliwa kwa ndoo.

Aidha, katika mkutano wa Mei uliopitisha uamuzi wa kufunga banio walihudhuria wanachama 61 kati ya 214, na wanaolalamika zaidi hawakuwamo. Wanachama 132 hawajalipa ada ya shilingi 15,000, yaani shilingi 1,980,000 ziko mifukoni mwao, huku fundi wa lango akinipigia simu mimi.

Mwakani, Mungu akijalia na mtaalamu akipatikana, tunatarajia kujaribu kilimo shadidi, ambacho jaruba hulowanishwa na kukaushwa kwa zamu badala ya kufurikishwa msimu mzima. Banio litafungwa tena Julai, isipokuwa mkutano mkuu wenye akidi uamue vinginevyo.

Mwenyekiti