Taarifa ya Mwenyekiti kwa Mkutano Mkuu wa Mwaka

Ndugu wanachama,

Mwaka huu mihadhara yetu ilihusu sanaa iliyokuwa ndani ya meli kubwa za abiria. Najua wapo walionung'unika kwamba Normandie, meli ya Ufaransa, imemeza ratiba nzima. Naitetea kamati: hakuna meli inayotufaa zaidi kwa somo hili.

Normandie ilianza safari zake za Le Havre hadi New York mwaka 1935. Katika ukumbi wake mkuu, mchoraji Jean Dupas alisimulia historia ya ubaharia juu ya vioo. Rangi, pamoja na dhahabu na fedha zilizofuliwa hadi zikawa nyembamba kama karatasi, zilipakwa upande wa nyuma, hivyo abiria waliiona picha kupitia kioo chenyewe. Chumba cha kuvutia sigara alikipamba Jean Dunand kwa paneli za laka, yaani rangi ngumu inayong'aa.

Desemba 1941 Marekani iliitwaa meli ili ibebe wanajeshi, na mapambo mengi yakateremshwa. Tarehe 9 Februari 1942, mafundi walikuwa wakikata nguzo za taa kwa moto wa gesi katika ukumbi uleule. Cheche zikaangukia rundo la majaketi okozi yaliyojazwa sufi, na sufi mnaijua inavyoshika moto. Maji ya zimamoto yakailemea meli, ikapinduka na kulala ubavu gatini. Vioo vya Dupas vilikwisha kutolewa. Leo vingine viko Metropolitan Museum, New York.

Hapo ndipo ubishi wetu, kama sanaa ya meli ibaki melini au ihamishiwe makumbusho, ulipopamba moto. Binafsi napenda kazi ibaki mahali ilipotengenezewa, kama kwenye meli ya Queen Mary, iliyotia nanga Long Beach, California, tangu 1967. Ramani ya MacDonald Gill bado iko katika ukumbi wa chakula, ile iliyokuwa na kijimeli cha kioo kilichosogea kuonyesha chombo kimefika wapi baharini. Lakini waliotaka sanaa ihamishiwe makumbusho walinibana kwa moto wa Normandie, na sikuwa na jibu la maana.

Hesabu atazisoma mweka hazina. Langu ni moja tu: ada zinachelewa mno, na ukumbi tunaukodi kwa fedha taslimu.

Mwakani kamati inapendekeza Andrea Doria ya Italia, iliyozama mwaka 1956. Sanamu ya amiri aliyeipa meli jina ilitolewa majini na wapiga mbizi mwaka 1964. Wenye picha au kadi za posta za meli hiyo wamwone katibu kabla ya kikao kijacho.