Wale wake hawakukaa kwa kupenda starehe

Mhariri,

Msomaji wenu aliyeandika juma lililopita kuhusu tamthilia ya Kijapani Okusama wa, Toriatsukai Chūi ameniudhi sana. Anasema wake wale wa mtaa wa matajiri wanapigwa, wanasalitiwa, wanadharauliwa, na bado hawaondoki kwa kuwa wamenogewa na starehe.

Tamthilia yenyewe naipenda. Nippon TV iliirusha mwaka 2017, sehemu 10, Ayase Haruka akiwa jasusi aliyeacha kazi akaolewa ili apate maisha tulivu. Sehemu ya kwanza tu anakutana, kwenye darasa la mapishi, na mke mwenzake wa mtaa uleule, kumbe mwenzake anapigwa na mumewe. Jasusi anaingia kati, na sisi kwenye makochi tunashangilia. Hapo ndipo ninapoilaumu: mtazamaji anabaki akidhani kilichopungua ni ujasiri.

Kitanda usichokilalia hujui kunguni wake. Nimeishi Nagoya miaka sita. Jirani yangu, mama wa watoto wawili, kila asubuhi alimsindikiza mumewe hadi mlangoni, akainama mpaka lifti ifunge. Wakiwa ndani hawasemezani. Wajapani huwaita kamen fūfu, wanandoa wa kinyago. Ikifika Novemba, kalenda ya jikoni kwake ilikuwa imejaa mistari ya kalamu nyekundu: ndizo siku alizoomba asipangiwe kazi kwenye duka alikolipwa kwa saa, ili kipato chake kisifike yeni milioni 1.3 kwa mwaka. Kikifika, hahesabiwi tena kuwa tegemezi wa mumewe, na bima ya afya na michango ya pensheni anajilipia mwenyewe. Mke tegemezi kuandikishwa pensheni bila kuchangia ni utaratibu wa tangu 1986. Mtu wa kipato hicho atapanga nyumba wapi, na watoto wawili?

Halafu hao watoto. Miaka yote niliyokuwa kule, talaka ikitoka, haki ya malezi inabaki kwa mzazi mmoja tu. Yeye aliogopa kwamba wakwe zake, wenye nyumba na fedha, wangemshinda. Mei 2024 Bunge lao lilirekebisha sheria ili kuanzia Aprili 2026 wazazi walioachana waweze kulea pamoja, na wanaotetea wake wanaopigwa wakaingiwa na hofu nyingine: mke atabaki amefungwa kwa mtu yuleyule aliyemkimbia.

Tangu 2007 mke aliyeachika anaweza kudai hadi nusu ya michango ya pensheni iliyowekwa na mume mwajiriwa wakati wa ndoa. Jirani yangu aliijua sheria hiyo kuliko mwanasheria. Aliniambia anasubiri kitindamimba amalize sekondari, kisha ataomba talaka. Nilipofunga mizigo kurudi nyumbani, alikuwa amebakiza miaka mitano.

Msomaji wenu,
Tanga