Barua kwa Mwanangu: Mkuki wa Lugalo na Ukuta wa Kalenga

Mwanangu mpenzi,

Kamwene. Barua yako imefika pamoja na karatasi ya jaribio la historia. Swali limeuliza kwa nini babu zetu Wahehe walishindwa na Wajerumani, nawe umejibu kwa mstari mmoja: walikuwa na silaha duni. Mwalimu amekupa alama zako, na sikusudii uende kugombana naye. Lakini jibu hilo limenikereketa. Linawafanya watu wetu waonekane kama wajinga waliokimbilia risasi wakiwa wamefumba macho, na linaifuta kabisa siku waliyoshinda. Wewe ni mtoto wa Iringa. Siku hiyo unapaswa kuijua kwa undani.

Ilikuwa tarehe 17 Agosti 1891, pale Lugalo, upande wa barabara ya kwenda Ilula unapopita na basi kila ukirudi shuleni. Emil von Zelewski, kamanda wa Wajerumani ambaye watu walimwita Nyundo, alikuwa anapanda Uhehe, nchi yetu, na maaskari zaidi ya 300, wengi wao Wasudani na watu waliochukuliwa Msumbiji, pamoja na wapagazi wapatao 170. Alikuwa na mizinga na bombom, yaani bunduki za rashasha. Ndiye yule aliyewaudhi watu wa Pangani mwaka 1888 hadi pwani nzima ikawaka moto wa vita. Njiani alichoma vijiji, na Wahehe aliwadharau kwa kuwa wengi wao walibeba mikuki na ngao.

Sasa tulia hapa kidogo, maana hapa ndipo penye akili yote. Bunduki ya askari wa Zelewski ilikuwa ya risasi moja moja. Ukishafyatua unavuta komeo nyuma, ganda linatoka, unachukua risasi mkobani, unaitia, unafunga, unalenga tena. Mtu mwenye mazoezi, akiwa ametulia, anaweza kupiga kama risasi 10 kwa dakika. Yaani moja kila sekunde 6 hivi. Na kwa muda huo, kijana mwepesi anavuka mita 30 za majani. Basi ukimwanzia askari kutoka mita 300 juu ya uwanda, umekufa. Ukimwanzia kutoka mita 30, atapiga moja, pengine mbili, na moshi wa baruti utamziba macho yeye mwenyewe, kisha mkuki wako umefika. Na kuanzia hapo bunduki yake ni fimbo, tena fimbo nzito.

Bombom nayo inatema risasi zaidi ya 500 kwa dakika, lakini siyo ikiwa mzigoni. Ni lazima ishushwe, isimamishwe kwenye miguu yake, itiwe maji ya kuipoza na kuvishwa mkanda wa risasi. Katika msafara uliojipanga mstari mmoja kwenye njia nyembamba, nani angepata nafasi ya kufanya hayo yote?

Wahehe wapatao 3,000 walilala majanini na nyuma ya mawe kando ya njia hiyo, wakaiacha safu iingie yote hadi katikati. Fikiria utii unaohitajika hapo. Watu elfu tatu, adui anapita karibu kiasi cha kusikia mazungumzo yake, na hakuna anayeinuka kabla ya ishara. Kisha wakainuka pamoja. Kwa muda mfupi tu Zelewski alikuwa ameuawa, pamoja na Wajerumani wengine 9 na maaskari wapatao 250. Luteni Tettenborn, aliyekuwa nyuma ya msafara, ndiye aliyenusurika na wachache na kurudi kutoa habari.

Nidhamu ile haikuzuka siku moja. Mbinu ya mkuki mfupi wa kuchoma ana kwa ana, badala ya ule wa kurusha, ilizaliwa kusini kwa Shaka, mfalme wa Wazulu. Wangoni wakavuka nayo Zambezi mwaka 1835, ikawafikia Wasangu, na Wahehe wakajifunza kwa Wasangu enzi za Munyigumba, baba yake Mkwawa, mtawala wetu wakati wa Lugalo. Baadaye walipigana na Wangoni wenyewe miaka kadhaa hadi pande zote mbili zikachoka. Kwa hiyo watu waliolala majanini Lugalo walikuwa askari waliofunzwa, wana wa askari waliofunzwa. Usikubali mtu yeyote akuambie vinginevyo.

Lakini sitaki nikuandikie sifa tupu. Lugalo iliwagharimu Wahehe watu wengi mno. Inasimuliwa kwamba Mkwawa alikataza maombolezo ya wazi ili nchi isijue idadi ya waliokufa. Ushindi ule usingeweza kurudiwa kila mwaka, naye alilijua hilo kuliko sisi tunaousifia leo.

Alichofanya baada ya hapo ndicho kinachoniuma. Aliweka tegemeo lake kwenye ngome ya Kalenga, ukuta mrefu wa mawe na udongo, na ndani yake akiba kubwa ya baruti. Ukuta ule ulikuwa kinga madhubuti dhidi ya adui wote aliowahi kuwajua. Mtu mwenye mkuki hawezi kuuparamia, na gobori haliutoboi. Ila mzinga kazi yake ni hiyohiyo: kupiga kitu kikubwa kisichohama. Pale Lugalo Mkwawa ndiye aliyechagua mahali, saa na umbali. Kalenga alimwachia adui achague vyote vitatu. Gavana von Schele alikuja mwenyewe na jeshi lake, mizinga ikawekwa juu ya kilima, ambacho wenyeji hadi leo watakuonyesha kiko upande wa Tosamaganga. Tarehe 30 Oktoba 1894 Tom von Prince, ambaye watu walimwita Bwana Sakarani, aliongoza maaskari kuingia kwa nguvu. Walipigana humo ndani nyumba kwa nyumba kwa saa kadhaa. Mkwawa akaponyoka.

Nimewahi kuwasikia watu wakisema ngome ile ilikuwa kosa la kiburi. Mimi sikubaliani nao. Mfalme mwenye watu, ng'ombe na chakula anahitaji mahali pa kuviweka. Huwezi kuwalaza akina mama na watoto majanini miaka mitatu ukimvizia adui ambaye hujui atapita njia gani. Kosa, kama ni kosa, ni kwamba mbinu iliyoshinda Lugalo ilikuwa ya kuvizia, na mtu anayelinda mji hawezi kuvizia.

Alipoupoteza mji, mbinu ile ikamrudia. Kwa karibu miaka minne alipigana porini. Leo anavamia kikosi kidogo, kesho hayupo, na wanavijiji wanampa chakula na kukaa kimya. Prince akajenga kituo Iringa mwaka 1896, na Mkwawa akatangaziwa zawadi ya rupia 5,000 kwa atakayeleta kichwa chake. Hapo Wajerumani nao walikuwa wamejifunza. Waliacha kuitafuta vita ya uwanjani, wakalishambulia ghala. Walitwaa mifugo na nafaka, wakawashika watu waliodhaniwa kumsaidia. Mpiganaji wa porini anaishi kwa chungu cha mwanakijiji, na chungu kikikauka hana pa kwenda. Tarehe 19 Julai 1898, huko Mlambalasi, akiwa amebaki na vijana wachache sana na askari wako karibu, alijipiga risasi mwenyewe.

Miaka saba baadaye jambo hilo lilirudiwa kwa kiwango cha kutisha. Katika Vita vya Majimaji, tarehe 30 Agosti 1905, maelfu ya Wapogoro na Wambunga waliliendea boma la Mahenge mahali palipo wazi, ambako bombom mbili zilikuwa zimekwisha kusimamishwa na kutiwa mikanda. Ile nafasi ya mita 30 haikuwepo. Watu walianguka safu kwa safu, kisha wengine wakaja juu yao. Wapiganaji waliobaki wakajifunza haraka, wakageukia kuvizia. Serikali ya Gavana von Götzen ikajibu kwa njaa: mashamba yakachomwa, maghala yakachomwa. Wajerumani wenyewe walikadiria waliokufa kuwa 75,000, na wanahistoria wetu wamefikisha 250,000 hadi 300,000. Wengi wa hao hawakuuawa na risasi. Walikufa kwa kukosa chakula, na wengi wao hawakuwahi kushika mkuki. Nakuandikia pia lile ambalo halipendezi: katika vita hivyo Wahehe wengi walikuwa upande wa Wajerumani. Ulijue, ulitaje, usilifiche hata kama linatuhusu sisi.

Kwa hiyo swali hilo likirudi mtihani wa taifa, usiishie kwenye silaha duni. Andika tarehe ya Lugalo. Eleza bunduki ilikuwa inajazwaje na umbali ulikuwa kiasi gani. Eleza kwamba mzinga ulihitaji ukuta wa kuupiga. Andika njaa, tena uiandike kama silaha, kwenye orodha moja na bombom. Halafu utaje maaskari: wengi waliofyatua risasi hizo walikuwa Waafrika walioajiriwa, kwa hiyo uwezo wa kupata na kulipa watu nao ulikuwa sehemu ya nguvu ya Mjerumani. Ukijaza ukurasa mzima usijali.

Likizo ya Desemba baba yako atatupeleka Kalenga. Fuvu la Mkwawa liko pale kwenye makumbusho. Kichwa chake kilikatwa na kupelekwa Ujerumani, kikadaiwa hata katika mkataba wa Versailles wa 1919, ule wa amani baada ya Vita Kuu ya Kwanza, kifungu cha 246, na hakikurudi mpaka tarehe 19 Juni 1954, Gavana Twining alipomkabidhi mjukuu wake, Chifu Adam Sapi. Tutapita pia Lugalo kwenye mnara. Nataka usimame njiani nami nikalale majanini, kisha uzipime mwenyewe kwa hatua zile mita 30.

Ada ya muhula nimeshaituma, na pesa kidogo ya matumizi ipo kwa mlezi wako wa bweni. Mdogo wako anakusalimia, na bibi anauliza kama blanketi linakutosha na baridi hii.

Mama yako