Mzawa huitwa nyumba ikiungua

Mhariri,

Kijiweni kwetu Ngamiani, kahawa ikishamiminwa hatuchelewi kufika kwa Juma Mgunda. Vijana wanamjua kama kocha tu, "Guardiola Mnene". Sisi wenye mvi tunamkumbuka na jezi ya Coastal Union, timu yetu ya Tanga, pale uwanja wa Mkwakwani, enzi za hao "Wagosi wa Kaya", waliobeba ubingwa wa Bara mwaka 1988.

Baadaye akaifundisha timu ileile. Septemba 2022 Simba wakamwita haraka awe kaimu kocha, baada ya kocha wao wa kigeni, Zoran Maki, kuondoka. Wapo waliocheka: mzawa, tena wa Tanga! Akaitoa Nyasa Big Bullets ya Malawi, kisha akaenda Luanda akaichapa Primeiro de Agosto 3-1, Simba wakaingia makundi ya Ligi ya Mabingwa Afrika. Januari akaletwa kocha mgeni, Robertinho, Mgunda akawa msaidizi. Aprili 2024, mgeni mwingine, Benchikha, alipoondoka, simu ikapigwa tena: Mgunda, njoo uwe kaimu.

Linaloniuma ni hiyo "kaimu". Mzawa anaitwa nyumba ikiungua; moto ukizimika, anarudishiwa ndoo yake.

Na huyo walau anaitwa. Mtaani kwetu yupo winga wa zamani, siku hizi muuza samaki. Kila jioni anafundisha watoto kwenye mchanga, ndala zao ndizo koni. Juzi nilimwona akimshika mtoto kifundo cha mguu, akimwonyesha jinsi ya kuuvuta mpira kwa unyayo. Leseni hana, ada ya kozi imemshinda. Wakuu wa soka wakileta kozi ya awali hapa Tanga, kwa ada ya muuza samaki, nitamsindikiza mwenyewe kujiandikisha.

Mzee wa kijiweni,
Ngamiani, Tanga